Kadi Niliyoapa Kuwa Haipo

Mwanangu, nakumbuka alasiri moja ambayo mpaka leo ikinijia ghafla naacha ninachofanya na kushika kifua. Jana uliniuliza nilitokaje kwenye bisibisi na vumbi la duka la mjomba mpaka jina langu likaandikwa kwenye filamu kuwa mpiga picha mkuu. Nadhani ulitaka nikutajie chuo. Chuo gani, jamani? Keti nikusimulie, na hiyo simu iweke chini, maana nimekuona ukimpiga picha jirani yangu akianua nguo, na hiyo ndiyo iliyonikumbusha haya yote.

Mimi nilizaliwa ng'ambo ya mpaka, upande wa Somalia, nikakulia kambini Dadaab. Kiswahili nilikipata shuleni humo humo kambini, kwa mwalimu ambaye kila niliposema "bicha" alishika kichwa kama mtu anayeumwa. Usicheke, na wewe hujambo. Abti Nur, mjomba wangu, ndugu wa mama, alikuwa na duka la kutengeneza redio na kamera Garissa mjini. Alipoona mikono yangu imetulia alihangaika na maofisa mpaka nikapata ruhusa ya kuishi kwake, akanikalisha nyuma ya pazia la duka na kunifundisha kazi.

Kazi ya fundi wa kamera huku kwetu ni kupigana na vumbi. Vumbi la Garissa halipigi hodi. Linaingia kwenye lenzi, kwenye vitufe, linakaa kama limekodi chumba. Nilijifunza kufungua kamera na kuifunga, kupangusa lenzi bila kuikwaruza, kusikiliza mashine na kujua inaumwa wapi. Lakini kupiga picha sikuwahi. Kamera za watu zilipita mikononi mwangu zikipona na kwenda zao harusini, nami nikibaki na pamba na spiriti.

Siku moja akaja dukani mama mmoja kutoka Nairobi, jina lake Nyambura, mwongozaji wa filamu. Lenzi yake ilikuwa imejaa mchanga. Nilipomrudishia akaichungulia, akanitazama, akasema, "Dada, nataka kutengeneza filamu ya wanawake wa huku. Wapiga picha wangu wote ni wanaume, na kila nyumba tunayofika wanaachwa nje na kikombe cha chai. Wewe unaweza kupiga?"

Nikasema naweza. Loo, mdomo huu! Sikuwa nimepiga hata kuku.

"Basi nitumie kitu ulichopiga mwenyewe," akasema. "Nikikipenda, kazi ni yako. Lakini usichelewe, kuna wengine wananitafuta."

Akaenda zake. Nikabaki nyuma ya pazia. Mwanangu, wewe umezaliwa hapa, una kitambulisho, hujui mlango kama ule una maana gani kwa mtu aliyekulia kwenye hema. Mimi sikuuona kama kazi tu. Niliona ndiyo siku ya kwanza katika maisha yangu mtu kuniuliza ninaweza nini badala ya kuniuliza ninatoka wapi.

Haikupita muda, rafiki yangu Hodan akaolewa. Unajua harusi zetu: wanawake wana sherehe yao peke yao, mchana, mlango umefungwa, mwanamume hata akiwa kaka wa bibi harusi hakanyagi. Humo ndani mitandio inavuliwa, madira yanang'aa, ngoma inapigwa, na wenye ulimi wanasimama mmoja mmoja kughani buraanbur, yale mashairi yetu ya wanawake, huku wenzao wakicheza katikati. Nikamwendea Hodan, nikamweleza habari ya Nyambura, nikamwomba nipige picha sherehe yake. Akaruka kwa furaha. Akasema, piga, piga yote. Naye mama yule wa filamu ni mwanamke, ataiona peke yake, kuna ubaya gani? Abti Nur akaniazima kamera kubwa ya dukani. Nikajiona nimefika. Haraka haraka haina baraka, walisema, lakini nani alikuwa anawasikiliza!

Kuhusu kamera hiyo, shika neno moja. Ilikuwa na vitundu viwili vya kadi, ili ikipenda inanakili picha mara mbili. Kitundu cha pili kilikuwa kimekufa siku nyingi. Nilikuwa nimejaribu kukifufua, nikakisafisha, nikatia kadi kuukuu ya kujaribia, nikasubiri, wapi! Hakikuwaka. Nikakata tamaa, nikakifunga na kadi yake humo humo, nikasahau.

Sherehe ilipamba moto. Nikawa nazunguka na kamera begani, jasho linanitiririka. Kisha kelele zikapungua. Ayeeyo Dahabo, bibi yake Hodan mzaa mama, alikuwa amesimama. Yeye ndiye aliyemlea Hodan tangu mama yake alipofariki, na nyumba ile ilikuwa yake tangu kizingiti mpaka paa. Mtandio wake ulikuwa umeshuka mabegani, nywele zake nyeupe zimepakwa hina zikawa nyekundu. Akafumba macho, akaanza kughani.

Subhanallah! Nimesikia washairi wengi, lakini siku ile nywele zilinisimama. Alimghania binti yake marehemu, akamweleza nani ameoa mtoto wake na mahari gani imeletwa, akamtaka asiwe na wasiwasi huko aliko. Wanawake wakalia waziwazi. Nami nikasogea. Nikasogea tena. Mwishowe lenzi ilikuwa karibu na mashavu yake kiasi kwamba niliona machozi yakikusanyika. Moyoni nikasema, hii ndiyo. Hii ndiyo ya Nyambura.

Katikati ya ubeti akafumbua macho, akakutana na kioo. Hakusita hata kidogo, maana buraanbur haikatwi katikati, ni aibu na ni mkosi. Akaendelea mpaka mwisho, sauti haikutikisika, macho yake kwenye lenzi yangu. Alipomaliza, vigelegele vikapigwa. Yeye akainua mkono, vikazimika.

"Wewe binti wa nani?"

"Mpwa wa Nur, Ayeeyo. Fundi."

"Hiyo kitu imenichukua?"

"Ndiyo, Ayeeyo. Yote," nikasema, tena kwa majivuno, maskini mimi.

"Kitoe kile kinachokumbuka, unipe."

Sikuelewa. Nikamtazama Hodan, naye akatazama hina mikononi mwake. Basi nikafungua kamera, nikatoa kadi, nikaiweka kwenye kiganja cha yule bibi nikidhani anataka kuiona tu. Yeye akageukia chetezo kilichokuwa pembeni kikifuka ubani, akaitia kadi juu ya makaa.

Yarabi! Nilipiga ukelele kama niliyeungua mwenyewe. Ile kadi ikajikunja, ikatoa moshi mweusi, na harufu ya plastiki ikafunika ubani wote. Wanawake wakaziba pua. Nilikuwa nimesimama kinywa wazi, naitazama kazi yangu, Nairobi yangu, ikigeuka lami.

"Kuna nyingine?" akauliza Ayeeyo, kwa upole kabisa.

"Hakuna, Ayeeyo."

"Apa."

"Wallahi hakuna nyingine. Ni hiyo moja tu."

Niliapa mbele ya chumba kizima, mwanangu. Kisha nikakusanya vitu vyangu nikatoka, na kilio nikakitolea njiani, watu wa soko la mifugo wakinipisha wakidhani nimefiwa.

Kesho yake asubuhi nikaketi nyuma ya pazia kuisafisha kamera. Mazoea ni mazoea, hata ukiwa na msiba mikono inajua kazi yake. Nikaiwasha kuikagua. Taa mbili zikawaka. Mbili! Nikakodoa macho. Kile kitundu kilichokufa kilikuwa kinapepesa taa ya kijani kama kinaniambia sabalkheri. Nikabonyeza. Pale kwenye kioo kidogo, Ayeeyo Dahabo akasimama, akafumba macho, akaanza kughani.

Sijui nikueleze vipi. Niliizima, nikaiwasha, nikaizima tena. Kikulacho ki nguoni mwako, wahenga hawakukosea: jambo lililonifanya mwongo mbele ya Mungu na chumba kizima cha wanawake nilikuwa nimelibeba begani mwenyewe, tena nililitengeneza kwa mikono yangu! Mafundi wengine huomba kifaa kipone. Mimi nilitamani kingekufa tena papo hapo.

Na nitakwambia kweli yote. Baada ya hofu, likaja wazo. Nyambura anasubiri. Ayeeyo ameshachoma kadi, ameridhika, hajui. Nani atajua?

"Abti, kuna nini humo?" mjomba akaita kutoka mbele ya duka. Kwetu mkubwa humrudishia mdogo jina lile lile analoitwa, kwa hiyo na yeye aliniita Abti.

"Usiingie!" nikapiga kelele, nikafunika kioo kwa shela yangu. Yeye ni mwanamume, na mle ndani kulikuwa na nywele za mama wa watu. Nikamweleza kupitia pazia, kila kitu, pamoja na kiapo. Nilisikia akiweka bisibisi chini.

"Ukienda leo una kosa moja," akasema. "Ukienda kesho una mawili."

Basi nikaitoa ile kadi, nikatia kamera begani, nikaenda. Sijui miguu ilinifikishaje. Njiani nilipanga maneno, nikayapangua, nikayapanga, na nilipofika mlangoni hakuna hata moja lililobaki. Ayeeyo alikuwa ameketi kwenye mkeka, Hodan yuko kando yake akipumzika kama bibi harusi anavyopumzika siku zile. Hata salamu sikuimaliza. Nilipiga magoti, nikanyoosha mkono na ile kadi juu yake.

"Ayeeyo, niliapa uongo. Ilikuwepo nyingine."

Hodan akaziba mdomo. Yule mama hakuigusa kadi. Aliniangalia mpaka nikatamani ardhi ipasuke.

"Ulipoapa, ulijua?"

"Sikujua. Nimeiona leo asubuhi."

"Basi Mungu hakuhesabii ulichoapa bila kujua." Nikavuta pumzi. "Lakini mimi si Mungu. Mimi nitakuhesabia. Nani ameiona?"

"Mimi tu."

"Mjomba wako?"

"Hata kivuli, Ayeeyo."

Nikatafuta kwa macho kile chetezo kilipo, nikijua kadi inakwenda huko. Ndipo akasema neno ambalo sikulitegemea hata kwa ndoto.

"Nionyeshe."

Nilidhani masikio yangu yameziba. Akarudia. Nikaitia kadi kwenye kamera, mara ya kwanza nikakosa kitundu, mimi fundi! Nikamwekea mapajani. Akainamia kile kioo kidogo kisichozidi kiganja. Akajiona akisimama, mtandio ukishuka, macho yakifumbwa. Sauti yake ikatoka humo nyembamba kama ya mtu anayeita kutoka ng'ambo ya mto.

Akagusa kioo kwa kidole, akakirudisha haraka, akakigusa tena.

"Huyu si mimi," akasema. "Huyu ni mama."

Akamvuta Hodan kwa mkono.

"Hodan, njoo uone, huyu ni mama yangu. Taya lake lile. Angalia anavyoinua shingo." Machozi yakawa yanashuka, wala hakuyafuta. "Tulimzika njiani tukikimbia, hatukuweka hata jiwe. Sina picha yake hata moja. Nilishasahau uso wake, naona haya kusema, nilikuwa nimesahau uso wa mama yangu."

Nikalia na mimi, na Hodan akalia, sote watatu tukalia tukiwa tumeinamia kijimashine cha duka. Na katika kulia kwangu nikawaza: alhamdulillahi, amefurahi, sasa ataniruhusu. Tamaa haina adabu, hata msibani inaulizia chakula.

Alipotulia akanigeukia, na uso wake ulikuwa mkali kuliko jana.

"Kwa nini hukuniuliza?"

"Nilimuuliza Hodan, Ayeeyo. Harusi ni yake."

"Harusi ni yake. Uso ni wa nani?"

Nikaitazama ile kamera mapajani mwake.

"Ungeniuliza ningekubali," akasema, na hapo, mwanangu, ndipo niliposhtuka kuliko ilipoungua kadi, kuliko ilipowaka ile taa ya pili. "Ningekwambia ngoja, nivae lile dira la kijani. Ningekwambia simama upande huu, jicho hili la kushoto ni bovu. Wewe umeingia kwenye zizi la watu ukakama ngamia bila hodi. Maziwa yapo! Nani katika nyumba hii amewahi kunyimwa maziwa? Lakini ya kuibiwa nitayamwaga hata mbele ya watoto wenye njaa."

Ningekubali! Neno hilo lilinipiga hapa. Wiki nzima nilikuwa nimejiambia kwamba bibi wa zamani kama yule hawezi kuelewa kamera, kwamba nikimuuliza ataharibu mambo, heri nipige kwanza. Kumbe yeye alielewa kuliko mimi. Na kumbe nilipita dirishani ilhali mlango ulikuwa wazi.

Akaitoa ile kadi, akampa Hodan. "Hii ni ya wanawake wa nyumba hii. Haitoki." Kisha akanielekezea kidole. "Wewe, njoo Ijumaa baada ya sala. Nitasema ninachotaka kionwe na kila mtu, wanaume na Wakenya na wazungu. Tena usijifiche nyuma ya hiyo kitu. Kaa nikuone."

Ijumaa ile alikuwa na dira la kijani, mtandio umefungwa sawasawa, ameketi uani kwenye kivuli cha ukuta. Akanionyesha pa kusimama. Akaghani safari yao kutoka ng'ambo, na alipofika pale walipomwacha mama yake, akaacha kutazama mbali, akanitazama mimi. Sikusogea hata hatua. Sikuhitaji. Alikuja mwenyewe mpaka kwenye lenzi bila kuinuka alipoketi.

Nyambura alipoipata alinipigia simu. Sauti yake ilikuwa imebadilika. "Umefanyaje mpaka bibi huyu akutazame hivi? Nina watu wa miaka mingi kazini, hawajawahi kutazamwa hivi."

"Nilimuuliza," nikasema.

Akadhani namtania.

Ndivyo nilivyoingia, mwanangu. Tulizunguka na filamu ile, Garissa, Hulugho karibu na mpaka, hadi kwa wafugaji wa Sangailu, na nyumba zilizowaacha wapiga picha wengine nje na kikombe cha chai mimi nilikaribishwa mpaka jikoni, maana habari ya Ayeeyo Dahabo ilikuwa imetutangulia. Wanawake wa huku hawana gazeti, lakini usishindane nao.

Sasa usije ukadhani nakufundisha ujanja, kwamba ukiuliza kila mtu atakupa. Sangailu kulikuwa na mama mmoja kijana. Kiangazi kilikuwa kimemmaliza, na alikuwa amekumbatia shingo ya ngamia wake wa mwisho, anamnong'oneza, jua linawaangukia wote wawili. Sijaona kitu kama kile tena. Kamera iko tayari, Nyambura ananigusa bega, piga, piga. Nikamwita yule mama, nikamuuliza.

Akatikisa kichwa. Hapana.

Nikashusha kamera. Nyambura hakusema nami siku ile nzima, na sikumlaumu. Tukabaki tumesimama mbali mpaka ngamia akalala chini, asiinuke tena. Nami mpaka leo, nikifunga macho, naiona picha ile ambayo hakuna mtu mwingine duniani atakayeiona. Inauma. Nimepiga filamu nyingi tangu hapo, watu wamenipigia makofi, na kila nikipigiwa makofi nawaza, hamjaona.

Basi sikiliza nasaha yangu, ndiyo hii tu. Kuuliza si ujinga, hilo umefundishwa tangu ungali mtoto, nalo ni kweli. Lakini anayeuliza na huku kidole kimeshabonyeza, huyo hajauliza. Muulize mwenye uso, si mwenye sherehe, si mwenye nyumba, si mwenye fedha za filamu. Simama anapokuona. Na kabla hujafungua mdomo, jiulize moyoni kama uko tayari kuambiwa hapana na kuondoka mikono mitupu. Kama huko tayari, kaa nyumbani utengeneze mashine. Si kazi mbaya, mimi iliniweka hai.

Haya, inuka. Yule jirani bado yuko uani. Nenda umwonyeshe ulichompiga, umuulize, na akikataa ufute mbele ya macho yake, wala usinune.

Mwenyezi Mungu akupe jicho linaloona mbali na ulimi unaobisha hodi. Akufungulie milango kwa mikono ya wenye nyumba. Na siku watu watakapotazama kazi yako, wale uliowapiga wawe wameketi mstari wa mbele, wala asiwepo hata mmoja wao aliyefunika uso. Amin, mwanangu, amin.